Barua ya wazi kwa wasimamizi wa sanaa Mtwara na Lindi: Watunzi wa Uneni waruhusiwe kupanda jukwaani

Waheshimiwa Wakuu wa Mikoa ya Mtwara na Lindi, maofisa utamaduni na maofisa elimu wa mikoa na halmashauri, pamoja nanyi nyote mliopewa kazi ya kusoma miswada ya michezo ya kuigiza kabla haijafika mbele ya watazamaji,

Poleni na kazi za kila siku za kuwatumikia wananchi. Mimi ni mtunzi na mwongozaji wa maigizo ninayefanya kazi na vijana wa Mtwara, Mikindani na Lindi. Nawaandikia mbele ya wasomaji wengine kwa sababu jambo lenyewe linawagusa watunzi wengi zaidi ya kikundi chetu. Ninaomba tamthiliya zinazotokea katika nchi za kubuni, ambamo watu wana nguvu za ajabu, zipimwe kwa yale zinayoyasema na kwa ubora wa utunzi wake, zisikataliwe kwa sababu tu zina maajabu ndani yake.

Mswada wetu, unaohusu watunzi wa nchi ya kubuni tuliyoipa jina la Uneni, ulirudishwa na ofisi moja ukiwa na maelekezo mawili. La kwanza lilitutaka tuondoe uchawi. La pili lilitutaka tuingize ujumbe kwa jamii, na tukatajiwa mifano: ubora wa korosho, mimba za utotoni, utunzaji wa mazingira. Sitaitaja ofisi hiyo, wala simlaumu aliyeyaandika maelekezo hayo, kwa kuwa naamini aliandika akiwa na nia ya kuilinda jamii. Sipingi pia utaratibu wenyewe wa vibali; Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Na. 4 ya mwaka 1976, inafahamika kwetu sote tunaofanya kazi hii, na tunaitii. Ninachokipinga ni kipimo kilichotumika, kwa sababu kilitafuta katika mchezo wetu kitu ambacho hakimo, kikayaacha yaliyomo bila hata kuyatazama.

Naomba mniruhusu niieleze Uneni kwa kirefu kidogo, kwa kuwa hoja yangu yote inaitegemea.

Uneni ni nchi ya pwani isiyokuwamo katika ramani yoyote. Ina miji iliyojengwa kwa mawe ya matumbawe, mashamba ya mtama, na bahari inayokupwa mbali sana, kiasi kwamba watu hutembea kwa miguu hadi kwenye miamba ambako jukwaa lao limechongwa tangu enzi za mababu. Katika nchi hiyo mtunzi wa tamthiliya huitwa manju, kama huku kwetu anavyoitwa kiongozi wa ngoma anayetunga nyimbo zake. Manju akiandika mchezo, ukachezwa juu ya jukwaa hilo wakati bahari imekupwa, yaliyotamkwa na wachezaji huwa kweli mpaka maji yajae tena. Akiandika mvua, mvua inanyesha. Akiandika kwamba daraja lililovunjika limesimama, watu huvuka na mizigo yao kichwani. Maji yakijaa, daraja hutoweka, na aliyechelewa ng'ambo hubaki huko hadi utungwe mchezo mwingine.

Nguvu hizo hazimpi manju ruhusa ya kufanya atakalo, na hapo ndipo ulipo moyo wa tamthiliya yetu. Mchezo hauwezi kuanza mpaka manju aseme "Paukwa" na watazamaji waitikie "Pakawa." Wasipoitikia, aliyoyaandika hubaki maneno matupu yasiyoweza kutikisa hata jani. Tena, kila jambo analolifanya kuwa kweli humnyang'anya kumbukumbu moja, naye hawezi kuchagua ni ipi itakayoondoka. Manju mkuu wa Uneni ni mzee aliyeinyeshea nchi yake mvua kwa miaka mingi. Sasa haikumbuki sura ya mama yake, wala hajui njia ya kurudi nyumbani kutoka kwenye miamba, hivyo mjukuu wake wa kike humshika mkono na kumwongoza. Na kuna mwiko mmoja uliopita miiko yote: hairuhusiwi kumwandika mtu kwa jina lake ikiwa mwenyewe hayupo kati ya watazamaji, na kama yupo, ni lazima aitikie kwa sauti yake.

Kisa kinaanza mwaka wa ukame. Liwali wa Uneni amekwisha kuwauzia wafanyabiashara wa ng'ambo mtama wote wa akiba, na ghala ni tupu. Badala ya kulikiri hilo, anamwamuru manju mzee aandike mchezo ambamo ghala zimejaa na watu wameshiba, kisha anawakusanya wananchi kwenye miamba na kuwaamuru waitikie. Wanaitikia kwa hofu. Basi mchezo unatimia nusu: kila mtu anaziona ghala zilizojaa, anaushika mtama kwa mikono yake, anautwanga, anaupika na kuula, lakini njaa haiondoki. Watoto wanalia mbele ya vyungu vilivyojaa. Mjukuu wa manju, ambaye alijifunza kuandika kwa kunakili michezo ya babu yake, anakusudia kutunga mchezo wake wa kwanza. Mchezo huo ni mfupi mno. Ndani yake kila mtazamaji anasimama, anataja jina lake mwenyewe, kisha anasema alichokula siku hiyo. Msichana anajua kwamba maneno hayo yakitimia, atapoteza kumbukumbu moja, na anayo sababu ya kuogopa kwamba itakuwa ya babu yake. Mwisho wa kisa sitausimulia hapa, kwa kuwa bado natumaini mtautazama.

Waheshimiwa, katika mambo hayo yote hakuna mganga, hakuna hirizi, hakuna jirani anayeshukiwa, hakuna mtu anayeugua kwa sababu ya mwenzake wala anayeuawa usiku. Kuna mtunzi anayelipa gharama ya kila neno lake, na watazamaji wanaolipa gharama ya kila itikio lao. Tumeyaweka mambo hayo katika nchi ya maajabu kwa sababu huko tu ndiko yanakoweza kuonekana kwa macho. Katika mchezo wa kawaida ningeweza kumweka mtu mmoja aseme kwamba uongo haushibishi. Katika Uneni watazamaji wanauona uongo ukipakuliwa sahanini. Kama kuna msomaji anayehofia kwamba Liwali ni kiongozi fulani aliye hai, namhakikishia kwamba sikumwandika mtu yeyote. Nilijiuliza maswali hayo kwanza nikiwa mwandishi, kwa sababu ni mwandishi anayeshawishika mapema zaidi kuliko wengine kuwafurahisha watu kwa maneno yasiyokuwa na chakula ndani yake.

Najua kwa nini neno uchawi linawashtua, na ningewashangaa kama lisingewashtua. Katika nchi yetu wazee, hasa wanawake, wameuawa kwa kudhaniwa kuwa wachawi. Ndugu zetu wenye ualbino wamekatwa viungo na kuuawa na watu walioziamini ahadi za matapeli. Sheria ya Uchawi, iliyotungwa mwaka 1928 wakati wa utawala wa Waingereza na ambayo sasa ni Sura ya 18 ya sheria zetu, haimkatazi mtu kujidai kuwa na nguvu za uchawi tu. Inakataza pia kumtaja mtu mwingine kuwa mchawi. Katazo hilo la pili ndilo ningependa liwe mbele ya macho ya kila anayesoma mswada, kwa kuwa hatari iliyoua watu wetu imo katika kidole kinachomwelekea bibi wa jirani.

Kwa kipimo hicho, michezo inayostahili kusomwa kwa uangalifu zaidi ni ile inayotokea katika mitaa yetu yenyewe, yenye nyumba kama zetu na majina kama yetu, ambamo kijana anaugua, ndugu wanakwenda kuagua, na mwishoni inabainika kwamba kweli shangazi mzee ndiye aliyemloga. Nimeitazama michezo ya namna hiyo ikipokewa vizuri kwa sababu mwishoni kuna mhusika anayesema tumrudie Mungu, na hayo yakahesabiwa kuwa fundisho. Lakini mtazamaji anatoka hapo akiwa amethibitishiwa kwamba shangazi wazee huloga. Anayetoka kutazama Uneni hawezi kumnyoshea jirani yake kidole, kwa kuwa hana jirani anayeweza kuisimamisha mvua kwa kuandika. Uchawi wa nchi ya kubuni hauna mtu wa kushukiwa mtaani. Nawasihi mlitafakari hilo, maana naona kipimo cha sasa kinamzuia asiye na hatari na kumpitisha mwenye nayo.

Yapo pia yale yaliyofanywa na watu wa kusini kabla yetu. Katika miaka ya 1950 mchongaji wa Kimakonde, Samaki Likankoa, anayetambuliwa kuwa mwanzilishi wa mtindo wa uchongaji uitwao shetani, alianza kutoa kwenye mpingo viumbe visivyofanana na binadamu wala mnyama: jicho moja, mdomo uliopinda, viungo vilivyojisokota. George Lilanga, mzaliwa wa Masasi aliyefariki dunia mwaka 2005, aliwatoa mashetani hao kwenye mti akawaweka kwenye rangi, akawavisha nguo na kuwachezesha, na picha zake zikasafiri duniani kote. Vinyago hivyo tunawapa wageni wa heshima kwa fahari, tukisema hii ndiyo sanaa ya Mtwara. Hakuna anayedhani kwamba mgeni amepewa uchawi ndani ya karatasi ya zawadi. Sielewi kwa nini kiumbe yuleyule akiwa ametulia ndani ya mti awe urithi, na akipewa sauti na miguu jukwaani awe tishio.

Na katika tamthiliya yenyewe, mkoa wa Lindi haukuanza jana. Ebrahim Hussein alizaliwa Kilwa mwaka 1943, na mchezo wake wa Kinjeketile, uliochapishwa mwaka 1969, unahusu maji yaliyosemwa kwamba yatageuza risasi za Wajerumani kuwa maji, na vita vilivyowaka katika vilima vya Umatumbi mwezi Julai mwaka 1905, pale watu wa Nandete walipong'oa pamba. Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe alikuwa mtu wa kweli na alinyongwa mwaka huohuo, lakini Hussein mwenyewe alieleza kwamba Kinjeketile wa mchezo wake ni kiumbe cha kubuni. Hakuandika ili watu waamini maji. Aliandika juu ya mtu aliyelitoa neno, neno likawa na nguvu kuliko yeye, na asiweze tena kulirudisha kinywani. Miaka miwili baadaye alichapisha Mashetani, ambamo tangu mwanzo vijana wawili wanaigiza shetani na binadamu chini ya mbuyu. Vizazi vya wanafunzi vimesoma michezo hiyo darasani, nami sijawahi kusikia kwamba ilimgeuza mwanafunzi yeyote kuwa mchawi. Laiti Hussein angeelekezwa aondoe maji na mbuyu, tungebaki na nini cha kusoma?

Shelfu ya miaka hiyohiyo ina ushahidi mwingine. Mwaka 1969 Mwalimu Nyerere alitoa tafsiri ya Mabepari wa Venisi, na mwaka huohuo Samuel Mushi alitoa Tufani, tafsiri ya mchezo wa Shakespeare kuhusu Prospero, mtawala aliyefukuzwa Milan na kuishi kisiwani akiwa na vitabu vyake. Kwa vitabu hivyo Prospero anaamsha dhoruba, anawaamuru pepo, anawapangia watu wa kusimama na wa kulala, na anaandaa hata maonyesho madogo ndani ya mchezo. Kwa maneno mengine, yeye ni mtunzi mwenye nguvu za ajabu, ndugu wa karibu wa manju wetu, naye anazungumza Kiswahili tangu kizazi cha wazazi wetu. Mwaka mmoja kabla yake Mushi alikuwa ametafsiri Makbeth, pamoja na wachawi wake wote. Kiswahili kilizipokea kazi hizo bila hofu wakati Taifa lenyewe lilikuwa changa, na siamini kwamba leo tuna imani haba kwa wasomaji wetu kuliko wakati ule.

Lipo na simulizi la Kilwa Kisiwani, mji ambao magofu yake, pamoja na yale ya Songo Mnara, yaliingizwa katika Urithi wa Dunia mwaka 1981. Husimuliwa kwamba mgeni kutoka Shirazi alikipata kisiwa kwa mwenyeji wake kwa kutoa nguo, na mwenyeji alipohamia bara alijuta akakusudia kurudi kwa vita wakati maji yamekupwa, kwa kuwa zamani watu waliweza kuvuka kwa miguu. Simulizi moja linasema mgeni aliuchimba mkondo ukawa na kina. Jingine linasema alitoa kafara na kusoma Qur'ani, na tangu siku hiyo maji ya mkondo ule hayakukauka tena. Sisemi hata kidogo kwamba kisomo ni uchawi. Mwenyezi Mungu aniepushe na neno hilo. Ninachosema ni kwamba watu wa pwani hii wamekuwa wakisimuliana kwa karne nyingi juu ya maneno yanayoizuia bahari, na walisimulia wakiwa watu wenye dini na akili zao timamu. Bahari ya Uneni inayokupwa na kujaa kwa kufuata mchezo ilitoka katika kusikia masimulizi ya namna hiyo.

Iko sababu nyingine ya kubuni nchi mpya, na hii nawaelekezea hasa maofisa utamaduni. Vijana ninaofanya kazi nao ni Wamakonde, Wamwera, Wamakua, Wayao na Wamatumbi, na wengi wao wamepita jandoni au unyagoni. Wanajua mambo mazito na mazuri ambayo yangetoa tamthiliya za ajabu, lakini mambo hayo yana wenyewe, na wazee wetu hawajaturuhusu kuyatoa hadharani. Siku za mwanzo tulishauriana na wazee, wakatuambia wazi kwamba ya jando yabaki jandoni. Tumeitii kauli hiyo. Kwa kuibuni Uneni, pamoja na miiko yake, viapo vyake na nyimbo zake ambazo hazikuwahi kuimbwa na kabila lolote, tumepata pa kuzungumzia heshima, siri na kurithishana bila kuiba kitu cha mtu. Anayetuambia tuachane na nchi ya kubuni na tuonyeshe mila zetu halisi, pengine bila kujua, anatusukuma kuvunja agizo la wazee.

Naomba pia mjue kazi inayofanyika kuyaleta maajabu hayo jukwaani, maana wengi hudhani kwamba panahitajika mitambo ya gharama. Hatuna mitambo. Mara nyingi tunacheza katika madarasa jioni, na katika viwanja vya mchanga. Bahari yetu ni vipande vya kaniki vilivyoshonwa pamoja. Ikikupwa, inavutwa taratibu hadi nyuma ya jukwaa, na ikijaa, inapita juu ya vichwa vya watazamaji wenyewe, ambao huinua mikono na kuisukuma mbele. Mvua inaanza na kayamba moja nyuma kabisa, halafu ya pili, kisha watoto waliokaa chini wanapiga vidole kwenye viganja vyao, na baada ya muda darasa zima linanyesha. Daraja ni wachezaji walioinama wakashikana mikono. Ghala zilizojaa uongo ni vivuli vinavyotupwa kwenye shuka na kandili iliyowekwa nyuma yake, kwa hiyo zinaonekana kubwa na haziwezi kushikwa.

Manju mzee anaingia akiwa amevaa vinyago vidogo mwilini mwake kote, shingoni, mabegani, mikononi na kiunoni, kila kimoja kikiwa ni kumbukumbu. Kila neno lake linapotimia, mtoto anakuja, anakifungua kimoja na kuondoka nacho bila kusema lolote. Vinyago hivyo tuliagiza kwa mchongaji wa hapa Mtwara, akatuchongea kwa mti mwepesi, kwa kuwa mpingo ungemchosha mchezaji kabla ya sehemu ya kwanza kwisha. Mchongaji huyo alitueleza kwamba alikuwa hajawahi kuagizwa kazi kwa ajili ya tamthiliya, ingawa amechonga maisha yake yote. Mafundi cherehani, wapiga ngoma na watengenezaji wa kayamba nao wanapata kazi. Mchezo wa ofisini na sebuleni, ambao ndio tunaoandika kila tunapoagizwa kuelimisha, hauna haja na mikono ya watu hao.

Anayehofia kwamba watazamaji wetu watachanganya mchezo na ukweli, namkumbusha mapiko, ngoma ya vinyago ya Wamakonde. Lipiko linapotoka, kichwa kimefunikwa kwa kinyago na mwili umefungwa nguo mpaka vidoleni, watu wazima waliozunguka uwanja wanajua kwamba ndani yumo mtu, na wengine wanaweza hata kuikisia hatua yake. Hata hivyo wanarudi nyuma linapowasogelea, wanacheka, wanashtuka, wanaliheshimu. Wamakonde wamewalea watoto wao katika ustadi huo wa kuyashika mambo mawili kwa wakati mmoja tangu zamani, hivyo watazamaji wa Newala, Tandahimba na Mtwara hawahitaji kulindwa dhidi ya mchezo. Ningethubutu kusema kwamba ni wachache wanaojua kutazama kuliko wao.

Kuhusu agizo la kuingiza ujumbe, nitasema kwa ufupi. Maigizo ya kuelimisha yamefanya kazi njema katika afya na kilimo, na kikundi chetu kimeshiriki mara nyingi, na kitaendelea kushiriki kinapoitwa. Lakini kijana aliyeandika tu michezo ambayo mwisho wake umeamuliwa na mfadhili au ofisi kabla hajashika kalamu hajawahi kutunga. Amejaza fomu. Tunapoomba nafasi ya tamthiliya za kubuni, tunaomba nafasi ya vijana wa Mtwara na Lindi kujifunza utunzi wenyewe: kuweka sharti la dunia yao, kulifuata bila kudanganya, na kuona linawapeleka wapi. Mwanafunzi aliyeamua kwamba kila muujiza una gharama, kisha akaibeba gharama hiyo mpaka ukurasa wa mwisho, amejifunza nidhamu ya fikra ambayo atakwenda nayo popote.

Kwa hiyo ninaomba kwamba, mswada wenye maajabu unapowafikia, msomaji aulize kwanza kama unamtaja au kumwelekea mtu au kundi la watu walio hai, kama unachochea madhara kwa mzee, kwa mtoto au kwa mwenye ulemavu, na kama unamfundisha mtazamaji kutenda jambo la hatari. Ukiwa hauna hayo, usikataliwe kwa sababu ya neno uchawi. Ukikataliwa, mtunzi apewe sababu kwa maandishi, zikiwa zimetaja ukurasa na maneno yenye kasoro, ili ajue cha kurekebisha. Maelekezo ya mstari mmoja yanamwacha kijana akiamini kwamba kosa lake ni kuwaza. Ninaomba pia maofisa elimu waangalie namna ya kuziruhusu tamthiliya za kubuni katika maonyesho na mashindano ya shule za mikoa hii, zisimame pamoja na ngoma, kwaya na maigizo ya kuelimisha. Na kwa kuwa ipo Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, inayosimamiwa na Taasisi ya Elimu Tanzania, itakuwa heshima kwa kusini kama halmashauri zetu zitawahimiza watunzi vijana kuandika kwa upana wa vipaji vyao, ili siku moja miongoni mwa miswada inayokwenda huko iwemo ya kutoka Nachingwea, Liwale, Nanyumbu na Kilwa.

Ombi langu la mwisho ni dogo kuliko hayo. Tamthiliya ya jukwaani haijulikani kikamilifu kwa kusomwa mezani. Tupangieni siku, ofisini kwenu au katika ukumbi wowote mtakaouchagua, tuje tuicheze Uneni mbele yenu, kamati nzima ikiwapo, kisha mtuulize kila swali mlilonalo. Tutakuja na kaniki, kandili na kayamba zetu, na hatutahitaji malipo yoyote. Mswada wenyewe tumeuwasilisha tena ukiwa kamili kama ulivyokuwa mwanzo, na tunasubiri kujua tarehe.

Wenu katika utumishi wa sanaa,

Mtunzi na mwongozaji wa maigizo,
Mtwara